Wenzio wameshona

"Yaani wenzio wameshona, wewe umepunguza." Shangazi aliniambia hivyo Jumamosi usiku, tukiteremka ngazi kutoka ukumbini, na mpaka leo maneno hayajanitoka. Nuru amejifungua salama, mtoto wa kiume, ahsanteni kwa dua zenu. Idrisa amepata zamu ya mchana hatimaye. Na mimi akili yangu imebaki pale ngazini.

Ile filamu ya akina mama wa Kikomoro wa Marseille, niliyowaandikia humu tangu ikiwa vipande, ilionyeshwa kwa mara ya kwanza hapa Montreuil, kando ya Paris. Shangazi, aliyetoka Tanga kuja kumtunza mzazi, akasema naye haachwi nyuma. Kikomoro alikuwa akikidaka neno hapa neno pale, akinifinya mkono kila alipoelewa. Mwisho mwongozaji akapanda jukwaani, akamshukuru mpiga picha, akamshukuru mtu wa sauti, akawaita akina mama wenyewe, watu wakasimama kuwapigia makofi. Ndipo tukatoka.

"Sasa mwanangu, humo ndani wewe hasa ulifanya nini?"

"Nimehariri, shangazi. Picha zilikuwa nyingi mno, mimi ndiye niliyezichagua na kuzipanga."

"Ehee." Kisha hayo ya kushona na kupunguza.

Hakusema kwa ubaya. Amelea watoto watano kwa cherehani, na kwake kupunguza ni kazi ya kijana anayejifunza. Lakini kila nikilala namjibu upya, na kila jibu linaishia kwa Cécile Decugis, mhariri wa filamu wa Ufaransa.

Laiti ningemsimulia pale pale. Mwongozaji Godard alipomaliza kupiga À bout de souffle, filamu yake ndefu ya kwanza, mwaka 1959, mkanda ulizidi urefu kupita kiasi. Njia ya kawaida ni kutoa sehemu nzima nzima. Badala yake ilikatwa ndani ya shoti zenyewe, yaani katikati ya kipande kilichopigwa bila kuzima kamera. Kuna pale mwigizaji Belmondo anaendesha gari huku akimsifia mwigizaji mwenzake Jean Seberg, shingo yake, sauti yake: sauti ya Belmondo inaendelea bila kukatika, lakini kichwa cha Seberg kinaruka, mtaa nyuma yake unaruka, jua linahama. Mpaka leo vyuo vya filamu dunia nzima vinafundisha mruko ule. Jina la mhariri ni Decugis. Watu wangapi wanalijua?

Filamu ilitoka 1960, na mwaka huo huo Decugis akakamatwa. Alikuwa amekodi nyumba kwa jina lake, ikatumiwa na watu wa FLN, waliokuwa wakipigania uhuru wa Algeria. Alihukumiwa miaka mitano, akakaa ndani kama miwili. Kabla ya hapo alikuwa ameshakwenda Tunisia kupiga filamu fupi juu ya wakimbizi wa Kialgeria, kwa hiyo hakujikuta humo kwa bahati mbaya. Alijua anachokifanya na nani atakasirika. Wakati Paris nzima inajipanga foleni kuona ile mikato, mkataji yuko jela. Tirez sur le pianiste, filamu ya mwongozaji Truffaut ya mwaka huo huo, ina majina mawili ya wahariri: lake na la Claudine Bouché. Mimi nikiona majina yale mawili yamekaa pamoja kooni kunakaba.

Nilikuwa nimefika hapo juzi usiku, nimejaa hasira kwa niaba ya marehemu, ndipo nikakumbuka jambo lililotokea kabla ya ngazi. Tukiwa bado vitini, taa hazijawashwa, shangazi alisema, "Yule mama aliponyamaza, na mimi nikamkumbuka mama yangu." Akajifuta macho kwa ncha ya mtandio.

Yule mama alinyamaza kwa sababu nilimwacha anyamaze! Anasikiliza sauti ya dada yake iliyorekodiwa Moroni, sauti inaisha, na yeye anabaki ameitazama simu. Mwongozaji alitaka tuondoke mara tu sauti inapokwisha. Tulibishana siku nzima, na kimya kikabaki. Shangazi amekilia kimya changu bila kujua ni changu, na nikiri, tangu nilikumbuke hilo natembea nikitabasamu kwenye metro.

Na Decugis alipotoka jela akaingia katika kazi ya namna hii hasa. Alihariri Ma nuit chez Maud ya mwongozaji Rohmer, 1969, kisha Le Genou de Claire, kisha nyingine nyingi mpaka Les Nuits de la pleine lune ya 1984. Aliyefundisha watu kuruka sasa yuko na mwongozaji ambaye watu wake wanakaa chumbani wakizungumza dini, ndoa na uaminifu usiku kucha. Hapo hakuna mruko wa kumshangaza mtu. Kuna kuamua tu: katika Maud mwigizaji Trintignant anaongea, je, tumtazame yeye, au tumtazame Françoise Fabian anayemsikiliza? Na tumtazame mpaka lini? Ukikosea kidogo, mazungumzo yote yanakuwa maneno matupu. Mimi naziona filamu zile kuwa kazi kubwa kuliko ile ya gari, ingawa najua wenzangu kazini watanibishia. Alifariki 2017.

Nimeamua Jumapili nitamketisha shangazi mbele ya kompyuta, nimwonyeshe yule mama mara mbili: kimya kikiwa kimekatwa, na kikiwa kimebaki. Simwambii neno. Nataka kuona atasema nini.

Ila leo asubuhi nimegundua vidonge vyake vya presha havitoshi mpaka tarehe ya kurudi. Alihesabu vya mwezi, na arobaini ya mtoto bado. Duka la dawa la hapa chini wanataka karatasi ya daktari wa Ufaransa, na daktari wetu yuko likizo. Kama kuna mtu humu anajua pa kumpeleka mgeni mwenye viza ya matembezi, aniandikie, tafadhali.