Parachichi za shemeji na misumari yangu ya inchi nne

Nyuma ya nyumba yangu Kigamboni kuna kieneo, mchanga mtupu. Nilipotaka matunda, shemeji akaniambia, "Panda parachichi za Hass kaka, ndiyo dhahabu ya kijani." Nikanunua miche sita ya kubebesha, yaani iliyounganishwa na kikonyo cha mti mwingine, kwa pesa ambayo mke wangu mpaka leo hajatajiwa yote. Miwili ililiwa na mchwa. Minne ikakua, mwaka wa tatu ikachanua, maua yakapukutika yote. Shemeji akasema niongeze samadi. Nikaongeza, yakapukutika kwa wingi zaidi. Kumbe Hass inapenda ubaridi wa Njombe na Rungwe. Huku kwetu hata usiku unalala na feni.

Nikaona nirudi kwenye mapapai. Mbegu sikununua, nilizitoa kwenye papai tulilokula. Nikapanda minane, kila shimo mche mmoja. Baada ya miezi kama sita, mitano ikaning'iniza vikonyo virefu vya maua kama hereni. Nikapiga picha, nikawatumia ndugu wote. Bibi jirani akachungulia uani: "Mjukuu wangu, hayo madume."

Fundi mmoja akanihakikishia kwamba dume likipigiliwa msumari linageuka jike. Nikapigilia misumari ya inchi nne, kila mti miwili, jioni, watoto wakinishikia tochi. Hakuna lililogeuka. Nilichopata ni mahali pazuri pa kufungia kamba ya kuanikia nguo.

Bibi ndiye aliyeniokoa. Shimo moja miche mitatu, halafu subiri maua. Jike ua lake ni nene, limekaa shinani, kikonyo karibu hakuna. Ukishaona, ng'oa madume, bakiza moja tu uani kote la kuchavusha. Kung'oa mti uliomwagilia miezi yote hiyo kunauma, lakini usiuonee huruma. Na panda juu ya tuta: masika maji yakituama siku mbili tatu mizizi inaoza, hilo nalo nililijua kwa kupoteza mti.

Mstafeli niliuweka panapotoka maji ya kuogea, sijauhangaikia tena. Mwembe dodo wa kubebesha unatosha mmoja, kivuli chake kinameza uwanja.

Wiki iliyopita shemeji alikuja, akaondoka na mapapai manne kwenye mfuko. Getini akageuka, akaniuliza kama nimewahi kufikiria kupanda matufaha.