Kadusibrankiata, kundi lililovunjwa na watoto wa aksolotli

Zamani wataalamu wa wanyama waliwagawa amfibia, yaani wanyama kama vyura wanaoishi majini na nchi kavu, kwa kuangalia matamvua, viungo vya kupumulia majini. Wanaoanza maisha nayo halafu yanapotea wakikua, kama vyura na salamanda wengi (amfibia wenye mkia, umbo kama mjusi), wakaitwa Kadusibrankiata, na wanaobaki nayo mpaka kufa, kama Proteus, salamanda wa kwenye mapango ya Slovenia, wakawa Perenibrankiata. Basi, makundi mawili, kila mtu na kwake.

Shida ikawa aksolotli, salamanda wa majini wa ziwa Xochimilco kule Meksiko. Humboldt, msafiri na mwanasayansi Mjerumani, alirudi na wawili akampa Cuvier, mtaalamu wa wanyama wa Paris, Cuvier akawapasua akahisi kabisa hawa bado wachanga, ila aliyekomaa hajawahi kuonekana na mtu, so akawaweka na wenye matamvua ya kudumu na akaandika wazi kwamba ana mashaka. Mi namheshimu sana kwa hilo, wangapi wangenyamaza tu!

Sasa 1864 wakafika aksolotli hai Paris, mtaalamu wa wanyama Auguste Duméril akapata sita, madume matano na jike mmoja, na 1865 wakataga. Hapo ungesema kesi imeisha, maana anayezaa si mtoto tena. Halafu baadhi ya wale watoto wakaanza kubadilika, matamvua yakasinyaa, pezi la mgongoni likaisha, wakawa salamanda wa nchi kavu kabisa wakati wazazi wao wako vilevile majini na matamvua yao kichwani. Yaani baba na mama kundi hili, mtoto kundi lile! Nikifika hapa huwa nasisimka kila mara, maana wanyama wachache tu kwenye matangi wamebomoa mpango mzima wa wakubwa.

Sababu ilikuja kueleweka baadaye sana, ni homoni ya tezi ya thairoidi, ile ya shingoni. Mwaka 1920 mwanabiolojia Mwingereza Julian Huxley aliwalisha aksolotli tezi hiyo ya ng'ombe na wakabadilika. Mwili wa aksolotli unaelewa ile homoni vizuri, ila yake mwenyewe haitoshi. Proteus yeye hata umpe homoni hiyo matamvua hayaondoki, kwa hiyo hawa wawili waliowekwa kundi moja wamebaki na matamvua kwa njia tofauti kabisa, na ndugu wa karibu wa aksolotli ni salamanda wengine wa jenasi yake, Ambystoma, ambao wengi wao wakikua wanayapoteza.