Mashine ya kuoshea vyombo imegoma kumwaga maji? Weka sikio kabla ya kununua pampu

Ukifungua mlango ukakuta maji ya kijivu yametuama chini, jiulize kwanza kama umeme ulikatika. Mashine ikizimika katikati ya kazi hubaki na maji yake, na si zote zinazoendelea zilipoishia umeme ukirudi. Futa programu iliyokuwepo (kwa nyingi unashikilia kitufe cha kuwashia sekunde 3 hivi), funga mlango, subiri dakika moja. Yakiondoka, hakuna kilichoharibika. Maji kidogo yanayobaki kwenye kishimo chini ya chujio yaache, ndivyo ilivyoundwa.

Yasipoondoka, sikiliza. Pampu ikivuma vizuri na maji yasiende, njia imeziba huko mbele. Ikiguna kama inabanwa, kuna kitu kimekaba propela (feni ndogo ya pampu inayosukuma maji). Ikiwa kimya kabisa, hapo ndipo uanze kuitilia shaka pampu yenyewe. Pampu mpya haizibui mpira wa kutolea maji uliojaa mafuta, ila mafundi wengi huanzia hapo.

Chomoa plagi, funga koki ya maji, toa kapu la chini. Chota maji kwa kikombe, yaliyobaki yanyonye kwa sponji. Chujio nyingi hutoka ukizizungusha kinyume cha saa. Hapa Dodoma utakachokikuta kinajulikana: maganda ya ugali, mifupa ya dagaa, mbegu za zabibu na utando wa mlenda. Mlenda ukikauka kwenye wavu hushika kama gundi, na kuusuuza tu bombani hakusaidii. Loweka chujio dakika 20 kwenye maji ya moto yenye sabuni ya vyombo, kisha sugua kwa mswaki wa zamani.

Chujio likishatoka, angalia kishimo. Usiingize vidole ovyo, vipande vya glasi hupenda kujificha humo. Tumia koleo au plasi ndogo. Kwenye mashine nyingi kuna kifuniko kidogo cha plastiki pembeni, kinachobanduka kwa mpini wa kijiko, na nyuma yake ndiyo propela. Izungushe kwa kijiti. Isikutishe ikienda kwa kurukaruka, kwani ndani kuna sumaku na hiyo ndiyo tabia yake. Isipozunguka kabisa, tafuta kijiti cha meno, uzi au kipande cha mfupa. Ikizunguka laini mno bila kushikwa popote, huenda imekatika kwenye mhimili.

Kipimo kinachomaliza ubishi ni cha ndoo. Chomoa mpira wa kutolea maji pale unapoungana na bomba la sinki, mwisho wake uweke kwenye ndoo ya lita 10. Mimina lita 2 za maji ndani ya mashine, rudisha plagi, washa hatua ya kumwaga. Yakija kwa nguvu ndooni, mashine ni nzima na ugomvi uko kwenye sinki. Yakichuruzika tu, ugomvi uko kwenye mpira au pampu.

Kwa upande wa sinki, nyumba mpya zina kasoro yake: kiungio cha bomba huja na kizibo cha plastiki ambacho fundi alipaswa kukitoboa akasahau. Mashine ya namna hiyo haijawahi kumwaga tangu siku ya kwanza. Mpira nao unatakiwa upande juu kwanza, karibu na usawa wa chini ya meza ya jikoni, ndipo ushuke. Ukilala sakafuni, maji machafu ya sinki hurudi ndani, na mtu ataapa kwamba mashine haimwagi. Kagua pia kama umekunjika nyuma ya kabati.

Mafuta ya alizeti hayaleti shida sana. Ya mbuzi na ng'ombe ndiyo yanayoganda ndani ya mpira yakipoa. Yafute kwenye sahani kabla ya kuipakia. Mpira ulioziba uvue wote, uupitishie maji ya moto.

Pampu ikiwa kimya, mashine ikiwa imechomolewa, pima waya zake kwa mita ya fundi umeme (multimita). Pampu ndogo nyingi za voti 230 husoma ohmu mia na kitu. Mita ikionyesha njia imekatika, sasa nunua.

Halafu kuna maji yetu. Ya visima vya Mzakwe, vinavyolisha mji wa Dodoma, ni magumu, yaani yana chokaa nyingi. Tazama tu birika lako. Ile chokaa huganda kwenye njia na kuzifanya ziparuze, na uchafu hupata pa kushika. Mashine yenye tangi la chumvi (la kulainisha maji) ilishwe chumvi yake maalumu ya punje kubwa, si ya mezani yenye madini joto, ambayo ni laini na huziba. Ukitaka kuyeyusha chokaa, weka kikombe cha siki nyeupe kwenye kapu la juu, endesha mzunguko wa moto bila vyombo. Usifanye hivyo kama umetia jiki humo: siki na jiki vikikutana hutoa gesi ya sumu.