Viazi chini ya ukuta: magendo ya watoto katika geto la Warsaw

Geto la Warsaw, eneo la mji mkuu wa Poland ambamo Wajerumani wa Nazi waliwatenga Wayahudi kwa ukuta, lilifungwa tarehe 16 Novemba 1940, na Wayahudi zaidi ya 400,000 wakabanwa ndani. Mwaka 1941 mgao rasmi wa chakula ulikuwa kama kalori 184 kwa mtu kwa siku. Hakuna anayeishi kwa hizo. Aliyeendelea kuwa hai alikula cha magendo, na wabebaji wengi walikuwa watoto.

Umbo ndilo lililowapa kazi. Ukuta ulifika kama mita 3, juu umepandwa vipande vya chupa, lakini chini ulikuwa na matundu ya kupitishia maji ya mvua. Mtu mzima hapiti; mtoto aliyekonda hutambaa kwa tumbo akatokea upande wa pili. Kwingine matofali yalilegezwa, yakatolewa na kurudishwa kila siku.

Koti lilitayarishwa kwanza. Bitana ilishonwa iwe mfuko mpana, kiuno kikafungwa kamba ili viazi visishuke. Mwenye umri wa kuvaa mkononi kitambaa cha nyota, alama ya lazima kwa Wayahudi, alikivua. Nje alipaswa kusema Kipolandi kisicho na lafudhi ya Kiyidi, lugha ya nyumbani ya Wayahudi wengi, kuomba au kununua kwa fedha ya nguo zilizouzwa, na kuwakwepa matapeli waliowatishia Wayahudi kuwachongea wasipolipwa.

Kurudi ndiko kulikoua. Mtoto alitoka mwembamba, akarudi amevimba viazi na mkate, na tundu ni lilelile. Aliyekwama alipigwa au kupigwa risasi. Polisi wa Kipolandi na wa Kiyahudi wengine walihongeka. Kwa askari wa Kijerumani ilikuwa bahati nasibu. Kuanzia Oktoba 1941, kutoka bila kibali kulikuwa na adhabu ya kifo, na watoto hawakusamehewa.

Shehena kubwa, za magunia ya unga, zilikuwa biashara ya watu wazima wenye mikokoteni na hongo malangoni. Za watoto zilikuwa rejareja: chakula cha jioni cha familia moja.

Mwanzoni shule zilikuwa zimepigwa marufuku, hivyo walimu walifundisha kwa siri vyumbani na kwenye majiko ya supu. Harakati ya vijana ya Dror iliendesha sekondari ya siri Mtaa wa Dzielna namba 34. Tunapenda kusimulia madarasa hayo, ila mtoto aliyelisha wadogo zake mara nyingi hakuwa na nafasi ya kuketi darasani.

Tarehe 22 Julai 1942 treni za kuwapeleka Wayahudi Treblinka, kambi ya mauaji, zilianza. Waliobakizwa kwa muda ni wenye vyeti vya kazi, na mtoto hakupewa cheti.