Makofi ya Shemeji na Taya la Yule Jambazi

Kuna filamu ambayo kila nikiitazama na watu, tunainuka tukiwa makundi mawili. Inaitwa A History of Violence. Aliyeiongoza ni David Cronenberg wa Kanada, na ilionyeshwa kwa mara ya kwanza kwenye tamasha la Cannes, Mei 2005. Tangu hapo watu hawajakubaliana. Wengine wanasema ni filamu ya mapigano isiyo na mapigano ya kutosha: unangoja, yanakuja, hujakaa sawa yameshakwisha. Wengine wanasema ukatili wake umepita mpaka. Mimi ni nesi wa kitengo cha dharura, na hicho kinachowaudhi wote ndicho kinachonifanya niipende. Ili nieleze kwa nini, itabidi nisimulie kisa mpaka mwisho. Asiyetaka kujua mapema aitafute kwanza, kisha arudi.

Tom Stall, anayeigizwa na Viggo Mortensen, ana mgahawa katika mji mdogo wa Millbrook, jimbo la Indiana. Mkewe Edie ni mwanasheria. Anaigizwa na Maria Bello. Wana kijana wa sekondari, Jack, na binti mdogo, Sarah. Tom ni mtu mpole, anasalimiana na kila mtu barabarani. Usiku mmoja, karibu na kufunga, wanaingia majambazi wawili ambao sisi watazamaji tumeshawaona mwanzoni mwa filamu wakiua watu kwenye moteli, hadi mtoto. Mmoja anamkamata mhudumu wa kike. Tom anamtandika mwenzake usoni kwa birika la kahawa ya moto, anaruka kaunta, anaiokota bastola, na kufumba na kufumbua wote wawili wako chini.

Mara ya mwisho tuliitazama Tanga, uani kwa dada yangu, projekta imeelekezwa kwenye shuka jeupe. Watoto walikwishalala, nilisisitiza hilo. Birika lilipotua usoni kwa jambazi, shemeji alisimama akapiga makofi. "Steringi huyo! Nilisema mimi!" Vijana wakapiga mluzi. Jirani yetu fundi seremala akagonga meza. Ndipo kamera ikashuka sakafuni, ikatuonyesha kazi ambayo risasi ilikuwa imeifanya usoni kwa yule mtu. Taya limeraruka. Mwili bado unatikisika. Makofi yakakatika ghafla, dada akaziba uso kwa kanga na kusema, "Toeni hiyo, jamani, toeni."

Hapo ndipo ninapoipendea. Katika filamu nyingi mtu akipigwa risasi anaanguka, na kamera inamwacha pale inamfuata steringi. Mimi nafanya kazi mahali ambapo kamera hizo haziendi. Kwangu, habari ya risasi au panga inaanza wakati wenzetu wameshaimaliza: mkasi wa kukata shati lililoganda damu, ndugu wanaosukumana mlangoni, fomu ya PF3 ambayo hakuna aliyekumbuka kuipitia polisi, mgonjwa anayekuuliza kama atatafuna tena. Cronenberg ameupa ugomvi sekunde chache tu, kama ulivyo mitaani, halafu akakataa kuondoka. Anatuacha tushangilie, na tukiwa bado mikono iko juu anatuonyesha tulichokishangilia. Shemeji aliona ni uonevu. "Filamu haiwezi kunifurahisha halafu ikanisuta," alisema. Mimi naona ni haki.

Kisha kinaanza kisa cha pili, kisa cha jina. Tom anakuwa shujaa wa televisheni, na sura yake inafika mbali kuliko alivyotaka. Siku moja anaingia mgahawani mtu wa suti nyeusi mwenye jicho moja bovu, Carl Fogarty, kazi nzuri sana ya Ed Harris, na anamwita Joey. Anasema Joey Cusack wa Philadelphia ndiye aliyemharibu jicho hilo kwa seng'enge. Tom anakana. Anakana kwa upole kabisa, kama mtu anayemsikitikia mgeni aliyepotea njia.

Uani kwetu waligawanyika hapo hapo. Fundi alisema wamemfananisha, duniani wawili wawili. Mpwa wangu, anayesoma chuo, akasema, "Mamdogo, mtu asiyejua hashiki bastola vile." Naye Fogarty anamwambia Edie jambo hilohilo kwenye duka la viatu: amuulize mumewe imekuwaje akawa hodari wa kuua. Ukimtazama vizuri Mortensen, utaona anamwigiza mtu mmoja kwa nyuso mbili bila kubadili chochote unachoweza kukinyooshea kidole. Sauti tu inashuka kidogo. Macho yanatulia mno.

Jibu linapatikana mbele ya nyumba ya Tom, Fogarty na watu wake wamemshika Jack mateka. Tom anawaua wawili, Fogarty anamjeruhi na kusimama juu yake tayari kummaliza, na anamlazimisha Joey ajitokeze kwa kinywa chake mwenyewe. Anayemuua Fogarty ni kijana Jack, kwa shotigani, kwa nyuma.

Hospitalini Tom anakiri kwa mkewe. Anamzungumzia Joey kama mtu mwingine: Joey aliua kwa ajili ya pesa, na alifurahia pia, lakini Tom hakufanya hayo. Edie anakimbilia chooni kutapika. Baadaye anauliza jina la Stall lilitoka wapi, na jibu analopewa ni kwamba lilikuwa limekaa tu, halina mtu. Edie anaona kwamba hata yeye basi alipatikana hivyohivyo. Hapo dada yangu alitoa sauti ambayo siwezi kuiandika.

Filamu hii imetokana na kitabu cha katuni cha 1997, kilichoandikwa na John Wagner na kuchorwa na Vince Locke. Kule katika kitabu, Joey ni kijana aliyewaibia majambazi wakubwa pamoja na rafiki yake, katika kisa cha kulipiza kisasi cha ndugu wa rafiki huyo. Unaweza kumwelewa, hata kumhurumia. Josh Olson, aliyeandika mswada wa filamu, na Cronenberg wakamwondolea mtu wao kisingizio hicho chote. Wametuletea muuaji halisi aliyegeuka mume halisi. Naamini mgawanyiko wa watazamaji unatoka hapo kuliko kwenye damu. Ukimpa mtu kisingizio, uani kote mtakubaliana. Ukikiondoa, kila mmoja inambidi aamue mwenyewe kama miaka ya wema inafuta kitu au haifuti.

Na tuliamua kwa kelele. Shemeji, aliyemshangilia kwa birika, sasa akamgeuka: mtu aliyemdanganya mkewe jina hawezi kuwa mume, ndoa yenyewe haipo. Mpwa akasema mwanadamu anahesabiwa kwa anavyoishi. Ndipo jirani mmoja, mwalimu mstaafu, akaleta habari ya vyeti. Mnakumbuka uhakiki wa 2017, ilipotangazwa kwamba watumishi wa umma karibu 10,000 wana vyeti vya kughushi. Akauliza: kama mtu amemfundisha mwanao kusoma kwa jina lisilo lake, na mtoto akasoma akafaulu, huyo aliyefundisha alikuwa nani? Fundi akasema mwizi. Mpwa akasema mwalimu. Projekta ilikuwa imesimamishwa, Tom yuko kwenye shuka mdomo wazi, na hakuna aliyekuwa anamtazama.

Dada alinyamaza muda mrefu, kisha akasema lake. "Hao waliouliwa na Joey wana mama zao. Nani amewauliza wao?"

Mimi niko na mpwa wangu, lakini neno la dada silipati jibu. Kazini kwetu kijana analetwa na jeraha la panga, anatutajia jina, tunaandika. Baadaye mama yake yuko mlangoni akimtafuta kwa jina jingine kabisa. Tunashona vilevile. Sijawahi kuona kuwa yule niliyemshona ni wa uongo kwa sababu jina lilikuwa la uongo. Kwa hiyo Tom kwangu ni mtu kweli. Kahawa aliyomimina ni kahawa, watoto aliowalea ni watoto. Ila mtu kweli ana madeni kweli, na filamu haimlipishi deni lolote kwa wale waliokufa Philadelphia. Hilo ni pungufu lake, na dada ameliona haraka kuliko wahakiki wengi.

Kuna sehemu moja siwezi kuitetea, na sitajaribu. Sherifu wa mji, rafiki wa familia, anakuja kuuliza maswali, na Edie anamlinda mumewe kwa machozi. Mgeni akishaondoka, mume na mke wanagombana kwenye ngazi, ugomvi unageuka kuwa tendo la ndoa pale pale, na baadaye tunaonyeshwa michubuko mgongoni mwa Edie. Dada alishika rimoti akapeleka mbele, kwa heshima ya waliokuwepo, na nilimshukuru. Najua hoja ya wanaoisifu: kwamba Edie anapambana na Joey huku akimtafuta Tom, na kwamba anamsukuma kando inapokwisha. Najua pia michubuko ya namna hiyo. Naiona kwa wanawake wanaoniambia wameanguka bafuni, na nikiiona kwenye skrini sioni fumbo la mahaba. Watazamaji wanaoiacha filamu pale nawaelewa kabisa.

Baada ya hapo Tom anaendesha gari usiku kucha mpaka Philadelphia kwa kaka yake Richie, bosi wa genge. William Hurt, anayemwigiza Richie, anaonekana kwa dakika chache tu, na kwa dakika hizo alipendekezwa kuwania tuzo ya Oscar. Olson naye alipendekezwa kwa mswada. Hawakushinda. Hapa tena watu wanagawanyika, kwa sababu Hurt anaigiza kwa namna inayochekesha katikati ya mauaji. Vijana walicheka. Mwalimu mstaafu alikasirika, akaona filamu imejisahau. Sehemu hii sina shida nayo. Kaka anayekukumbatia huku ameshapanga watu wa kukunyonga nyuma ya kiti lazima awe na maneno matamu.

Tom anawaua wote, anaosha damu ziwani, bastola anaitupa humohumo, na anarudi nyumbani. Familia iko mezani. Hakuna anayesema neno. Sarah anamletea sahani, Jack anamsogezea nyama, Edie anainua macho. Filamu imekwisha. Uani kwetu shemeji aliuliza kama umeme umekatika. "Sasa amesamehewa au hakusamehewa?" Nilimwambia ndiyo hiyo filamu yenyewe. Hakuridhika, na sidhani kama ataridhika, maana amezoea steringi akirudi anakumbatiwa na jina la mwongozaji linapanda.

Lakini katika mabishano yote yale, ya jina, ya ndoa, ya vyeti, kuna mtu ambaye hakuna aliyemtaja mpaka nilipomtaja mimi: Jack. Mwanzoni ni kijana anayeonewa shuleni na anajiokoa kwa maneno, anajidhihaki mpaka mwonevu anakosa la kufanya. Baada ya baba kuwa shujaa wa televisheni, kijana huyohuyo anampiga mwonevu mpaka anampeleka hospitali. Baba anamwambia katika familia hii hatumalizi matatizo kwa kupiga watu. Mtoto anamjibu kwamba ni kweli, tunawapiga risasi. Na baba anamzaba kofi. Muda si mrefu mtoto anaua mtu kwelikweli, na anachopata ni kukumbatiwa na baba mwenye damu usoni.

Vijana wa umri wake tunawapokea, waliopigwa na waliopiga. Yule aliyepiga mara nyingi haumwi popote, na hawezi kushika kikombe cha maji. Hakuna fomu yake. Polisi wakimaliza naye, au wakiamua hana kosa, anarudi nyumbani, na nyumbani watu wanazungumza mambo mengine. Jack ndiye kijana huyo. Wanaosema filamu ina damu nyingi na wanaosema ina damu kidogo, wote walikuwa wanamtazama baba.

Mpwa alinibishia. "Mamdogo, angefanyaje? Baba yake yuko chini, bunduki iko kichwani." Kweli, asingeweza kufanya kingine, na mimi simlaumu Jack hata chembe. Namlaumu Tom. Aliamini kwamba kuficha ndiyo kulinda, akamwacha mtoto wake asimame mbele ya siri hiyo bila hata kujua ipo, mpaka ikawa mtoto ndiye wa kuimaliza kwa mikono yake. Mke aliyefichwa anaweza kuondoka na kuanza upya. Edie ana kazi yake na akili zake. Kijana aliyeua mtu akiwa bado mwanafunzi anakwenda wapi?

Shemeji bado anashikilia kwamba sehemu nzuri ni birika. Tutaitazama tena akirudi safari, na nimemwomba kitu kimoja: safari hii amwache Tom, amfuate Jack tu, tangu uwanja wa shule hadi mezani.