Usiku wa Fernanda wawili

Machi 2, 2025 iliangukia Jumapili ya Kanivali, na Rio de Janeiro ilikuwa imemwagika barabarani. Vijana walipita chini ya dirisha na ngoma zao, baadhi wamevaa barakoa zenye sura ya Fernanda Torres. Mimi nilibaki sebuleni na mama mwenye nyumba wangu, mwalimu mstaafu, tukingoja tuzo za Oscar. Torres alikuwa anawania tuzo ya mwigizaji bora wa kike kwa filamu ya Ainda Estou Aqui, yaani "Bado Niko Hapa".

Mama huyo, hata hivyo, moyo wake ulikuwa kwa Fernanda mwingine. "Binti anajua kazi, mwanangu," aliniambia, "lakini nataka umfahamu mama yake."

Fernanda Montenegro alizaliwa Rio mwaka 1929, jina lake Arlette. Alianza redioni akiwa msichana, akiigiza kwa sauti tu, ndipo akaingia jukwaani, kwenye televisheni na katika filamu. Mwaka 1998, katika Central do Brasil ya mwongozaji Walter Salles, aliigiza nafasi ya Dora, mwalimu mstaafu anayekaa kituo cha treni akiwaandikia barua watu wasiojua kusoma, na nyingi asizipeleke posta. Ilimpatia Dubu wa Fedha, tuzo ya mwigizaji bora wa kike katika tamasha la filamu la Berlin. Mwaka uliofuata akawa Mbrazili wa kwanza kuwania Oscar ya mwigizaji bora wa kike. Ikaenda kwa Gwyneth Paltrow. Mama mwenye nyumba alilisimulia hilo kwa uchungu mbichi kabisa, kana kwamba mtu alimnyang'anya yeye.

Kisha akaniambia habari za filamu ya mwaka 1981, Eles Não Usam Black-Tie. Mgomo wa wafanyakazi umevunjwa, rafiki wa familia ameuawa, na Montenegro na mumewe katika hadithi wanakaa mezani wakichambua maharage. Hawasemi kitu. Alipokuwa akieleza, mikono yake yenyewe ilianza kuchambua juu ya kitambaa cha meza, punje moja moja, na nikaona jinsi tendo la kila siku jikoni linavyoweza kubeba msiba mzima. Nimeona waigizaji wengi wakilia kwa sauti. Wachache sana wanaweza hivyo.

Mwigizaji Penélope Cruz alipotangaza kwamba filamu bora ya kimataifa ni Ainda Estou Aqui, mtaa ulilipuka. Ilikuwa Oscar ya kwanza ya Brazil katika kundi hilo. Salles yule yule, aliyeiongoza hii pia, akapanda jukwaani, akautoa ushindi kwa heshima ya Eunice Paiva, mwanamke halisi ambaye Torres alimwigiza, na ambaye mumewe, Rubens, alichukuliwa na askari wa udikteta wa Brazil mwaka 1971 asirudi tena; akawataja na Fernanda wote wawili. Mama alinishika mkono kwa nguvu mpaka vidole vikaniuma.

Tuzo ya mwigizaji bora ilikwenda kwa Mikey Madison. Nilidhani atakasirika. Akasema tu, "Haya," akaenda kuchemsha kahawa, na tuliposhika vikombe tukaanza kubishana.

Mwishoni mwa Ainda Estou Aqui, Eunice mzee anaigizwa na Montenegro, wakati huo ameshavuka miaka 90. Ugonjwa umemla kumbukumbu. Yuko kwenye kiti katikati ya familia yake, na kwenye televisheni inatokea picha ya Rubens. Hatamki neno. Macho yanaamka, basi. Msichana aliyeanza redioni kwa sauti isiyo na uso alifika uzeeni akiigiza kwa uso usio na sauti.

Mimi nilishikilia kwamba macho yale yana nguvu kwa sababu Torres ametubeba saa mbili nzima, akijizuia kulia mbele ya watoto. Mama akakataa katakata: hata ukimwonyesha mtu dakika zile peke yake, bila filamu, atajua kwamba mwanamke huyu alipenda na alinyang'anywa. Kahawa ikaisha, ngoma zikarudi mtaani kwetu, na hakuna aliyekubali kushindwa.