Un-, in-, dis-: nilivyoacha kuvitafsiri vyote kwa "si"

Kazi yangu ni kutafsiri nyaraka, na maneno marefu ya Kiingereza hayanisumbui sana. Wasumbufu ni vile vipande vya mwanzoni: un-, in-, dis-, mis-, non-. Shuleni tuliambiwa ni viambishi awali vya kukanusha, basi, somo likaisha. Kwa kanuni hiyo, mkataba unaotaka mgogoro upelekwe kwa msuluhishi "disinterested" unakupa mtu anayepiga miayo kikaoni. Kumbe wanamtaka asiye na maslahi na upande wowote, na bila shaka wangependa awe macho muda wote. Asiyependezwa na jambo ni "uninterested". Wenye lugha yao nao huyachanganya haya mawili, na katika karne ya 17 mipaka yake ilikuwa legelege zaidi, lakini kwenye mkataba sithubutu kuyachukulia kuwa ni mamoja.

Ufunguo niliupata kwenye sarufi yetu wenyewe. Kiswahili kina kukanusha na kina kauli ya kutendua, na hivyo ni vitu viwili. Kamba ambayo haijafungwa huenda haijawahi kuwa na fundo. Iliyofunguliwa lazima ilikuwa nalo. Funga, fungua, kunja, kunjua, ziba, zibua. Kiingereza hutumia un- kotekote. "Unhappy" inakanusha, hana furaha. "Untie" inatendua. Halafu kuna "unlockable", neno moja lenye maana mbili zinazopingana: mlango usiofungika kwa ufunguo, au mlango unaofunguka. Sisi tunazitenga kwa irabu tu, fungika na funguka. Wao wanategemea muktadha, nami sigusi neno hilo kabla ya kusoma aya nzima.

Tangu hapo, swali langu la kwanza ni hili: je, hali inayokataliwa iliwahi kuwepo? Chukua reli. Ikiwa "unused", haitumiki, na mara nyingi haijawahi kutumika. Ikiwa "disused", treni zilipita, kisha ikaachwa. Ikiwa "misused", inatumika, ila vibaya. Mis- karibu kila mara ni "vibaya" au "kimakosa", ndiyo maana "misinformation" ni habari potofu hata kama msambazaji ana nia njema, na "disinformation" ni uongo unaosambazwa kwa makusudi.

Swali la pili ni kama kuna lawama ndani ya neno. Non- kwa kawaida haina. "Nonhuman" ni mnyama au mashine, "inhuman" ni katili. Baraza la Wawakilishi la Marekani liliunda mwaka 1938 kamati ya kuchunguza shughuli za "un-American", na waliohojiwa wengi walikuwa Wamarekani halisi. Tuhuma ilikuwa kwamba wanaisaliti nchi yao. Vivyo hivyo "immoral" anavunja maadili, wakati "amoral" yuko nje ya maadili kabisa, kama mvua au kikokotoo.

Im-, il- na ir- hazikunipa kazi: ni in- ileile ya Kilatini inayojirekebisha kufuata sauti inayoifuata.

Yapo yanayogoma. "Inflammable" maana yake ni kinachoshika moto upesi, kwa sababu in- yake haikanushi chochote. Imetoka kwenye kitenzi cha Kilatini cha kuwasha moto. Ni hatari kwa msomaji mwenye haraka, na ndiyo maana maandishi ya tahadhari hupendelea "flammable". "Invaluable" nayo inakanusha kweli, ila kinachokanushwa ni uwezekano wa kukadiria thamani, si thamani yenyewe. Mtu akikuandikia kwamba msaada wako ulikuwa "invaluable", anakushukuru sana. Ukimsoma kwa kanuni ya shuleni, utanuna bure.